Milinganyo ya pamoja: jinsi ya kupata namba mbili usizozijua kwa mpigo mmoja

Watu wawili wamepita asubuhi kwenye kibanda kimoja cha chai. Wa kwanza amekula chapati mbili na kunywa kikombe kimoja cha chai, akalipa shilingi 1,300. Wa pili amekula chapati tatu na kunywa kikombe kimoja cha chai, akalipa shilingi 1,800. Chapati moja ni shilingi ngapi? Na chai je?

Usishike kalamu kwanza. Linganisha walichokula. Chai wamelingana, kikombe kimoja kwa kimoja. Wa pili amemzidi mwenzake chapati moja tu, na katika malipo amemzidi shilingi 500. Basi chapati ni shilingi 500. Sasa rudi kwa yule wa kwanza: chapati zake mbili ni shilingi 1,000, alilipa 1,300, zinabaki 300. Hiyo ndiyo bei ya chai.

Kama umefuata hapo, kazi ngumu umeshaimaliza. Yote yatakayofuata ni wazo hilohilo, tofauti ni kwamba tutaliandika kwa herufi ili litusaidie hata pale ambapo kichwa peke yake hakiwezi.

Nimekaa na vijana wengi wa kidato cha kwanza kwenye masomo ya jioni, na jambo moja huniumiza kila mwaka. Mtoto anayeweza kutoa jibu la chapati kwa kichwa huganda akiona x na y. Hapa Tanzania shule za msingi za serikali hufundisha Hisabati kwa Kiswahili, kisha sekondari lugha inageuka kuwa Kiingereza, na mada hii humkuta mwanafunzi akiwa bado anapambana na lugha yenyewe. Anadhani ameshindwa hesabu, kumbe ameshindwa sentensi. Ndiyo maana nimeiandika mada yote kwa Kiswahili, kutoka mwanzo hadi mwisho.

Jina kwanza. Mlinganyo ni sentensi ya hesabu inayosema upande huu ni sawa na upande ule. Milinganyo miwili ikitafutiwa jibu kwa mpigo mmoja, wapo wanaoiita milinganyo sambamba. Mimi nitaiita milinganyo ya pamoja, kwa sababu neno sambamba tutalihitaji baadaye kwa kazi nyingine, na sitaki likuchanganye.

Kwa nini mlinganyo mmoja hautoshi

Tuseme umemwona mteja wa kwanza tu: chapati mbili na chai moja, shilingi 1,300. Je, unaweza kujua bei? Huwezi. Pengine chapati ni 500 na chai 300. Pengine chapati ni 400 na chai 500. Pengine chapati ni 600 na chai 100. Zote zinaleta 1,300. Habari moja inakuachia majibu mengi, yote yanayokubalika.

Mteja wa pili ndiye anayeyachuja majibu hayo. Chukua 400 na 500: chapati tatu ni 1,200, ongeza chai 500, inakuwa 1,700. Yeye alilipa 1,800, kwa hiyo jibu hilo linaanguka. Chukua 600 na 100: 1,800 na 100 ni 1,900. Nalo linaanguka. Linalosimama mbele ya wateja wote wawili ni 500 na 300 pekee. Ndiyo maana ya neno "pamoja": tunatafuta namba mbili zinazoridhisha milinganyo yote miwili kwa wakati mmoja. Visivyojulikana viwili vinahitaji habari mbili, na habari hizo ziwe tofauti kweli. Nitalirudia hilo la "tofauti kweli".

Herufi ni namba, si chapati

Sasa tuandike. Sema:

x = bei ya chapati moja, kwa shilingi
y = bei ya kikombe kimoja cha chai, kwa shilingi

Tafadhali andika mistari hiyo miwili kila unapoanza swali la maneno. Wanafunzi wengi huruka hapo, kisha huniambia "x ni chapati". Hapana. x ni namba. 2x si chapati mbili. Ni bei ya chapati moja mara mbili. Tofauti hii inaonekana ndogo, lakini utaiona thamani yake utakapofika kwenye maswali ya umri na mwendo, ambako aliyeandika "x ni baba" hajui tena anatafuta nini.

Mteja wa kwanza anakuwa:

2x + y = 1300 ……(1)

Na wa pili:

3x + y = 1800 ……(2)

Zipe namba, (1) na (2), kama nilivyofanya. Zitakusaidia kujieleza unachokifanya, na msahihishaji ataweza kukufuata.

Soma (1) kwa sauti kama sentensi: bei ya chapati mara mbili, ukijumlisha bei ya chai, ni sawa na elfu moja na mia tatu. Ukiweza kuisoma hivyo, hofu ya herufi inapungua sana.

Tuna haki gani ya kutoa mlinganyo kwenye mlinganyo?

Swali hili huulizwa mara chache, na linastahili jibu. Fikiria mizani ya dukani, ile ya sahani mbili. Ikiwa imelingana, ukiondoa kilo moja upande huu lazima uondoe kilo moja upande ule, la sivyo italala. Alama ya sawasawa ni mizani hiyo. Robert Recorde, daktari na mwanahisabati kutoka Wales aliyeichapisha alama hii mwaka 1557, alichagua vistari viwili vilivyolingana urefu kwa hoja kwamba hakuna vitu viwili vinavyoweza kuwa sawa kuliko hivyo.

Kwa hiyo tukitoa (1) kwenye (2), upande wa kushoto tunatoa 2x + y, na upande wa kulia tunatoa 1300. Hivyo viwili ni kitu kimoja. Mlinganyo wa (1) wenyewe umetuambia. Tumeondoa uzito uleule pande zote, na mizani haijalala.

Vivyo hivyo kwa kile tunachokiita "kuhamisha na kubadili alama". Hakuna kitu kinachoruka juu ya alama ya sawasawa. Kwenye x − 3 = 8, tunajumlisha 3 pande zote, tunapata x = 11. Neno aljebra lenyewe limetokana na Kiarabu *al-jabr*, yaani kurudisha kilichopungua au kuunga kilichovunjika, jina alilolitumia Al-Khwarizmi huko Baghdad katika karne ya 9 kwa kazi hiyohiyo. Mzizi wake ndio uliotupa neno letu jabari.

Njia ya kuondoa

Lengo ni moja: kupata mlinganyo wenye herufi moja tu. Mlinganyo wa herufi moja unaujua tangu shule ya msingi.

Andika (2) juu, (1) chini, x chini ya x, y chini ya y, namba chini ya namba:

3x + y = 1800
2x + y = 1300

Toa, safu kwa safu:

3x − 2x = x
y − y = 0
1800 − 1300 = 500

Tunapata x = 500. Herufi y imeondoka, na ndipo njia hii ilipopata jina. Sasa rudisha 500 mahali pa x kwenye mlinganyo mwepesi zaidi, hapa ni (1):

2 × 500 + y = 1300
1000 + y = 1300
y = 300

Kisha hakiki kwenye mlinganyo ambao *hukuutumia* mwisho, yaani (2): 3 × 500 + 300 = 1500 + 300 = 1800. Sawa. Ukihakiki kwenye uleule uliotumia kutafutia y, hujahakiki kitu. Utakubaliana nao hata kama umekosea x.

*Pale alama zinapopingana.* Boti inashuka Mto Rufiji kilomita 28 kwa saa 2, kisha inarudi juu umbali uleule kwa saa 3 na nusu. Tafuta mwendo wa boti katika maji yaliyotulia na mwendo wa mkondo. Ikishuka, mkondo unaisukuma: 28 ÷ 2 = kilomita 14 kwa saa. Ikipanda, mkondo unaipinga: 28 ÷ 3.5 = kilomita 8 kwa saa. Boti iwe x, mkondo uwe y, vyote kwa kilomita kwa saa:

x + y = 14 ……(1)
x − y = 8 ……(2)

Hapa jumlisha badala ya kutoa. Jumla ya y na −y ni sifuri, kwa hiyo 2x = 22, na x = 11. Weka kwenye (1): 11 + y = 14, y = 3. Hakiki kwenye (2): 11 − 3 = 8. Boti ina mwendo wa kilomita 11 kwa saa, mkondo kilomita 3 kwa saa.

Kanuni ya kukumbuka: namba zinazolingana mbele ya herufi unayotaka kuiondoa zikiwa na alama sawa, toa, zikiwa na alama tofauti, jumlisha.

*Pale namba hazilingani.* Hii ndiyo hali ya kawaida, kwa hiyo tuipe muda. Mtu kanunua kilo 3 za mchele na kilo 2 za maharage kwa shilingi 14,800. Jirani yake, duka hilohilo na bei zilezile, kanunua kilo 2 za mchele na kilo 5 za maharage kwa shilingi 21,600. Bei ya kilo ya mchele iwe x, ya maharage iwe y:

3x + 2y = 14800 ……(1)
2x + 5y = 21600 ……(2)

Ukijumlisha au kutoa hivi zilivyo, hakuna kitakachoondoka. Lazima tuzilinganishe kwanza. Tuamue kuondoa x. Mbele ya x kuna 3 na 2. Sasa mkumbuke rafiki yako wa darasa la tano, kigawe kidogo cha shirika (KDS), yaani namba ndogo kabisa inayogawanyika kwa zote mbili. KDS ya 3 na 2 ni 6. Tunataka 6x kwenye milinganyo yote miwili. Kwa hiyo zidisha (1) kwa 2, na (2) kwa 3:

6x + 4y = 29600 ……(3)
6x + 15y = 64800 ……(4)

Angalia kwamba *kila* kitu kimezidishwa, pamoja na namba ya upande wa kulia. Nimesahihisha madaftari mengi, na kosa la kuzidisha kushoto na kusahau kulia nimelikuta kuliko jingine lolote. Kwa lugha ya dukani: ukinunua vitu vilevile mara mbili, hulipi mara moja.

Toa (3) kwenye (4). Nimeanza na yenye y nyingi ili nisipate hasi bila sababu:

11y = 35200
y = 3200

Rudisha kwenye (1): 3x + 6400 = 14800, 3x = 8400, x = 2800. Hakiki kwenye (2): 2 × 2800 + 5 × 3200 = 5600 + 16000 = 21600. Mchele shilingi 2,800 kwa kilo, maharage shilingi 3,200.

Ungeweza pia kuondoa y: KDS ya 2 na 5 ni 10, zidisha (1) kwa 5 na (2) kwa 2. Jaribu, jibu litakuwa lilelile. Chagua herufi yenye KDS ndogo au yenye alama zinazopingana. Hakuna herufi iliyo sahihi zaidi ya nyingine.

*Kutoa hasi.* Tusimame hapa. Swali:

4x − 3y = 11 ……(1)
4x + 5y = 3 ……(2)

Namba za x zinalingana, alama ni sawa, kwa hiyo tunatoa. 4x − 4x = 0, vizuri. Halafu −3y toa +5y. Wengi huandika 2y. Wanaona 3 na 5, wanaona "toa", mkono unaandika 2. Lakini uko kwenye hasi 3, kisha unatoa tano zaidi. Mtu anayedaiwa 3, akikopa 5 nyingine, anadaiwa 8. Ni −8y. Kulia: 11 − 3 = 8. Kwa hiyo −8y = 8, na y = −1.

Rudisha kwenye (1): 4x − 3 × (−1) = 11. Hasi mara hasi ni chanya: 4x + 3 = 11, 4x = 8, x = 2. Hakiki kwenye (2): 4 × 2 + 5 × (−1) = 8 − 5 = 3. Sawa.

Je, yule aliyeandika 2y = 8? Anapata y = 4. Anaweka kwenye (1): 4x − 12 = 11, 4x = 23. Anaridhika, anafunga daftari. Kama angehakiki kwenye (2) angepata 23 + 20 = 43, wakati inatakiwa 3. Mstari mmoja wa kuhakiki ungemwokoa.

Ukiona kutoa kunakusumbua, usitoe kabisa. Geuza alama zote za mlinganyo wa chini, kisha jumlisha. Mlinganyo wa (2) unakuwa −4x − 5y = −3. Jumlisha na (1): −8y = 8. Ninawashauri wanafunzi wangu wote wafanye hivi mpaka mkono uzoee. Wino kidogo unaongezeka, makosa yanapungua sana.

Njia ya kuweka badala

Kijiweni kuna vyombo 17, bajaji na bodaboda. Ukihesabu matairi yanayogusa ardhi, yako 41. Bajaji ngapi, bodaboda ngapi?

Bajaji ina matairi matatu, bodaboda mawili. Idadi ya bajaji iwe b, idadi ya bodaboda iwe p (herufi si lazima ziwe x na y):

b + p = 17 ……(1)
3b + 2p = 41 ……(2)

Mlinganyo wa (1) una herufi zisizo na namba mbele yake. Hiyo ndiyo dalili kwamba kuweka badala kutakuwa rahisi. Tenga herufi moja:

p = 17 − b

Maana yake, popote penye p unaruhusiwa kuweka 17 − b, kwa sababu ni namba ileile yenye majina mawili. Peleka kwenye (2). *Usiirudishe kwenye (1) ulikoitoa*; utapata 17 = 17, ambayo ni kweli lakini haisemi kitu.

3b + 2(17 − b) = 41

Mabano ni ya lazima. Mbili inazidisha vyote viwili vilivyomo ndani:

3b + 34 − 2b = 41
b + 34 = 41
b = 7

Kisha p = 17 − 7 = 10. Hakiki kwenye (2): 3 × 7 + 2 × 10 = 21 + 20 = 41. Fuata MAGAZIJUTO (mabano, gawanya, zidisha, jumlisha, toa) unapohakiki: zidisha kwanza, ndipo ujumlishe.

Aliyeandika 2(17 − b) kuwa 34 − b atapata 2b + 34 = 41, yaani b ni tatu na nusu. Hakuna nusu ya bajaji kijiweni. Jibu linapogoma kukubaliana na dunia, rudi juu ukatafute kosa.

Swali hili lina njia ya kichwani ambayo naipenda sana. Fanya kana kwamba vyombo vyote 17 ni bodaboda. Matairi yangekuwa 34. Yapo 41, yamezidi 7. Kila bajaji inazidi bodaboda kwa tairi moja. Basi bajaji ni 7. Ukitazama tena hatua za aljebra hapo juu utaiona 34 ileile na 7 ileile. Herufi zinaandika tu kile ambacho akili tayari inakifanya.

Lini nitumie njia ipi? Herufi ikiwa peke yake, au mlinganyo ukiwa umeshaandikwa kama y = 2x − 3, weka badala. Vinginevyo mimi huondoa, kwa sababu kuweka badala kwenye 3x + 2y = 14800 kutakuletea sehemu mapema mno, na sehemu huzaa makosa.

Swali likija na sehemu

x/2 + y/3 = 4
x/4 + y/2 = 4

Zimalize sehemu kabla ya jambo lingine lolote. Mlinganyo wa juu zidisha kwa 6, KDS ya 2 na 3, upate 3x + 2y = 24. Wa chini zidisha kwa 4, upate x + 2y = 16. Toa: 2x = 8, x = 4, na y = 6. Hakiki kwenye milinganyo ya awali yenye sehemu, si ile uliyoitengeneza: 4/2 + 6/3 = 2 + 2 = 4, na 4/4 + 6/2 = 1 + 3 = 4.

Grafu, na siku ambayo hakuna jibu

Fundi wa kwanza anatoza shilingi 10,000 kwa kufika, kisha 5,000 kwa kila saa. Wa pili anatoza 4,000 kwa kufika, kisha 7,000 kwa kila saa. Saa ziwe x, malipo yawe y:

y = 10000 + 5000x
y = 4000 + 7000x

Tengeneza jedwali dogo. Kwa saa 1: wa kwanza 15,000, wa pili 11,000. Kwa saa 3: wote 25,000. Kwa saa 4: wa kwanza 30,000, wa pili 32,000. Chora saa kwenye mhimili wa chini, malipo kwenye mhimili wa wima, weka nukta, unganisha kwa rula. Mistari miwili inakatana penye saa 3 na shilingi 25,000. Nukta hiyo ndiyo jibu la milinganyo ya pamoja, kwa sababu ndiyo pekee iliyo juu ya mistari yote miwili.

Grafu inakupa pia kitu ambacho namba mbili tupu hazikupi. Kushoto kwa makutano, fundi wa pili ni nafuu. Kulia kwake, wa kwanza. Kazi ya saa moja mwite wa pili. Kazi ya kutwa nzima mwite wa kwanza.

Udhaifu wake ni rula na macho. Jibu likiwa 2.37 hutalisoma vizuri kwenye karatasi. Kwa hiyo chora ili uone, kokotoa ili uwe na uhakika.

Sasa lile neno nililoliweka akiba. Rudi kibandani. Mteja wa tatu anasema: chapati nne na chai mbili, nimelipa shilingi 2,600. Umepata habari mpya? Hapana. Huyo ni mteja wa kwanza mara mbili. Ukijaribu kuondoa, kila kitu kinaondoka na unabaki na 0 = 0. Kwenye grafu mistari miwili imelaliana ikawa mmoja. Majibu hayana idadi.

Na kama angesema chapati nne na chai mbili ni shilingi 2,500? Zidisha mlinganyo wa kwanza kwa 2: 4x + 2y = 2600. Na huyu anasema 4x + 2y = 2500. Toa: 0 = 100. Hiyo si kweli hata kidogo, na haijatokana na kosa lako la hesabu. Hakuna bei moja inayoweza kuwaridhisha wote wawili. Labda mteja mmoja kapunguziwa, labda chenji ilikosewa. Kwenye grafu utaona mistari miwili *sambamba*, inayokwenda pamoja bila kukutana milele. Ukifika 0 = 100 kwenye mtihani, usifute. Andika kwamba milinganyo hii haina jibu, na ueleze kwa nini.

Kutoka maneno kwenda milinganyo

Maswali ya umri ndiyo yanayotesa zaidi, basi tufanye moja taratibu. *Umri wa mama sasa ni mara tatu ya umri wa mwanawe. Baada ya miaka 12 utakuwa mara mbili.*

Umri wa mama sasa uwe m, wa mtoto sasa uwe t. Neno "sasa" liandike, maana wakati unabadilika ndani ya swali. Kila sentensi inatoa mlinganyo mmoja.

Sentensi ya kwanza: m = 3t. Hapa wengine hugeuza, huandika t = 3m, kwa sababu wanafuata mpangilio wa maneno badala ya maana. Jiulize: nani mkubwa? Mama. Basi mtoto ndiye anayehitaji kuzidishwa ili alingane naye.

Sentensi ya pili: baada ya miaka 12, mama atakuwa m + 12, na mtoto atakuwa t + 12. Wote wanazeeka! Kwa hiyo m + 12 = 2(t + 12).

Weka 3t mahali pa m:

3t + 12 = 2t + 24
t = 12

Na m = 36. Hakiki kwa maneno ya swali: 36 ni mara tatu ya 12. Baada ya miaka 12, mama 48, mtoto 24. Ni mara mbili. Swali la maneno lihakiki kwa maneno yake, kwa sababu huenda milinganyo yako ndiyo iliyokosewa, na hapo utakuwa umekokotoa kwa usahihi kitu ambacho hukuulizwa.

Ya kufanya mwenyewe

Fanya haya manne bila kutazama majibu yaliyo chini yake.

(a) Swali la kale kutoka Uchina, lenye umri wa zaidi ya miaka 1,400: ndege na sungura wako kwenye tundu moja. Vichwa ni 35, miguu ni 94. Kila aina wapo wangapi?

(b) 5x + 2y = 4 na 3x − 2y = 12.

(c) Kwenye daladala, watu wazima 3 na wanafunzi 4 wamelipa jumla ya shilingi 2,600. Watu wazima 5 na wanafunzi 2 wamelipa shilingi 3,400. Nauli ya kila mmoja ni ngapi?

(d) Namba ya tarakimu mbili, jumla ya tarakimu zake ni 12. Ukizigeuza, namba mpya inazidi ya mwanzo kwa 18. Ni namba gani?

Majibu: (a) ndege 23, sungura 12. (b) x = 2, y = −3. (c) mtu mzima shilingi 600, mwanafunzi 200. (d) 57.

Kama (d) imekugomea, tatizo huenda liko kwenye kuiandika namba yenyewe. Tarakimu ya makumi ikiwa k na ya mamoja ikiwa m, namba si km, kwa sababu km maana yake ni k mara m. Fikiria 57: ni makumi matano na mamoja saba, yaani 10 × 5 + 7. Basi namba yako ni 10k + m, na iliyogeuzwa ni 10m + k. Tofauti yao ni 9m − 9k = 18, gawanya kwa 9 upate m − k = 2, na m + k = 12 unayo tayari. Jumlisha.